Mjadala: Sheria ya migodi ya 1842 iliwaokoa watoto au iliwanyima riziki?

Mwalimu Mstaafu: Mwaka 1842 Bunge la Uingereza lilipiga marufuku wanawake wote, pamoja na wavulana wasiotimiza miaka 10, kufanya kazi chini ya ardhi katika migodi ya makaa ya mawe. Je, liliwaokoa, ilhali msichana aliyetolewa shimoni hakupewa shule wala posho?

Bi Mkubwa: Liliwaokoa. Tarehe 4 Julai 1838, katika mgodi wa Huskar huko Yorkshire, mvua kubwa ilizima moto wa mtambo uliowapandisha watu juu. Watoto wakajaribu kutokea njia ya pembeni, kijito kikafurika, na 26 wakafa maji, mdogo wao akiwa na miaka 7. Mzazi anayempeleka mtoto mahali kama pale amemuuza.

Mponda Kokoto: Shikamoo Bi Mkubwa, lakini neno hilo la kuuza naomba ulifute. Nimeponda kokoto na marehemu mama tangu darasa la pili, yeye akishika nyundo kubwa na mimi ndogo, jiwe tumelizungushia pete ya mpira ili vipande visituruke machoni, na hakuniuza kwa mtu yeyote. Wachimbaji wale walilipwa kwa kadiri ya makaa waliyotoa, na mara nyingi baba asiye na mtoto wa kumsukumia kigari alimlipa msukumaji kutoka mfukoni mwake.

Bi Mkubwa: Marahaba, mwanangu. Sikumtaja mama yako, Mungu amrehemu. Lakini yule msichana wa miaka 8 aliyewaambia makamishna waliochunguza kazi za watoto migodini kwamba kazi yake ni kufungua na kufunga mlango wa hewa, na kwamba huimba akiwa na taa ila gizani hathubutu, ni nani aliyemwamsha alfajiri?

Mponda Kokoto: Aliyemwamsha ni yule aliyehesabu mkate uliobaki. Mwenye mgodi alikuwa bado amelala.

Mwalimu Mstaafu: Jamani, hoja ilikuwa sheria, ambayo ilipewa mkaguzi mmoja tu kwa migodi yote.

Bi Mkubwa: Mkaguzi tutamfikia, Mwalimu. Kwanza kijana huyu anijibu: wanawe angewapeleka?

Mponda Kokoto: Wanangu wako shuleni, kwa kuwa mimi nina mshahara. Mama alilipwa kwa ndoo.