Niache bendi niimbe peke yangu? Niko Bucharest, naombeni ushauri

Bintimwambao
Wakubwa shikamooni, wengine habari za saa hizi. Najua humu kuna wanamuziki na kuna watu wanaoijua Ulaya ya Mashariki, ndiyo maana nimekuja.

Mimi ni binti wa Tanga. Nilikuja Romania kusoma, nikamaliza, nikaangukia kwenye kuimba. Bendi yetu ina watu watano, mgeni ni mimi tu. Tunapiga muziki wa Amerika ya Kilatini wenye vionjo vya Kibalkani, kodiani ikiwa mbele. Kiangazi tunashinda kwenye hoteli za Mamaia, pwani ya Bahari Nyeusi. Miezi mingine tunapiga harusini na kwenye mikahawa ya hapa mjini. Kodi ya nyumba inalipika, na kwa mama natuma.

Sasa kuna prodyuza amenisikia, anataka nitoke peke yangu. Anasema nikiendelea kuimba nyimbo za watu kwenye sherehe za watu nitazeeka bila jina. Tangu aniambie hivyo usingizi umekata. Wenzangu hawajui, na kazi za Machi zimeshachukuliwa advansi.

Ninayemtazama ni Elena Gheorghe, mwimbaji wa huku Romania. Aliingia Mandinga mwaka 2003, bendi ya Kilatini kama yetu, akiwa bado msichana mdogo. Akatoka, 2006 akatoa albamu yake ya kwanza, na 2009 akasimama Moscow kuiwakilisha Romania kwenye Eurovision, mashindano ya nyimbo ya Ulaya. Swali langu: nitoke sasa au nisubiri kiangazi kipite?

ShangaziNjema
Marahaba mwanangu. Hujasema kama umeolewa. Mtoto wa kike, nchi ya watu, halafu prodyuza anakunong'oneza uwaache wenzio. Una kazi, una pa kulala, mama anapata chochote. Kuna wenzio wana vyeti vitatu na wapo nyumbani. Mimi nakuombea, lakini hilo la prodyuza silipendi.

Mzee wa Rizimu
Marahaba binti. Kuhama bendi hakujaanza na wewe. Mzee Gurumo alitoka Juwata akaenda Mlimani Park ilipoanza 1978, mji mzima ukaongea, na baadaye akarudi kwa wenzake wa Msondo, ndiyo Juwata ile ile. Hakuna aliyekufa.

Mimi nilipiga gitaa la rizimu bendi moja, siitaji. Bendi nyingine ikaniahidi pikipiki nikihamia kwao. Nikaaga. Kiongozi wangu hakugombana na mimi, alisema tu, "Vua sare." Ilikuwa shati la kitenge na suruali ya bluu, vyote mali ya bendi. Nikavulia nyuma ya jukwaa, mpiga tumba akaniazima kanga ya mkewe nikafika nayo Magomeni. Pikipiki sikuiona mpaka leo. Ila kule nilikohamia ndiko nilikojifunza kutunga, na nyimbo mbili zangu mpaka leo zinapigwa. Sijutii.

Kibatari
Mzee, umeingia Magomeni na kanga saa nane usiku? Uzi umeanza kunoga. Kuhusu Romania mimi nawajua O-Zone tu, wale ambao T.I. na Rihanna waliuchukua wimbo wao 2008.

MkaaziwaCluj
Kibatari, O-Zone ni wa Moldova. Bucharest walihamia kutafuta soko. Na wanahusika na uzi huu, maana walisambaratika 2005, wakiwa wametoka kutikisa Ulaya nzima, na wote watatu wakaenda kila mtu na lake. Dan Bălan, aliyekuwa mtunzi wao, ndiye aliyefika mbali kuliko wenzake. Mwenzake Arsenie Toderaș aliiwakilisha Moldova kwenye Eurovision ya 2006 kule Athens akashika nafasi ya 20. Kundi lilipovunjika, mwenye kalamu aliondoka na mali yake.

Dada Bintimwambao, nakuuliza mambo mawili, yajibu yote. Umeshasaini chochote? Na kibali chako cha kukaa Romania kimesimama juu ya nini? Maana kama ni kibali cha kazi, kinamtaja mwajiri. Ukimuacha mwajiri, mwajiri mpya anatakiwa akuombee idhini upya Uhamiaji.

Bintimwambao
Asante kaka. Kibali hakina tatizo, si cha kazi. Naomba turudi kwenye swali: sasa au baada ya kiangazi?

MkaaziwaCluj
Hujajibu la kusaini. Na kama si cha kazi, na masomo umemaliza, basi ni cha ndoa.

Bintimwambao
Ni cha ndoa, ndiyo.

Mume wangu ndiye mpiga kodiani. Na ndiye kiongozi wa bendi.

Sikusema mwanzoni kwa sababu nilijua mkisikia tu mtaacha muziki mtashika ndoa. Ndoa yetu haina tatizo. Ninachoamua ni kazi.

Kusaini bado. Nimeingiza sauti kwenye wimbo mmoja tu, wa majaribio.

ShangaziNjema
Nilijua! Mwanangu, "wenzangu hawajui" kumbe na mumeo yumo? Unatoka nyumbani unamuaga unakwenda wapi?

Mwana wa Kisauni
Niko Hamburg, mimi ni wa Mombasa. Shangazi, pole pole. Mke akiwa daktari akipata hospitali nyingine, mumewe ni wa kuambiwa, si wa kuombwa ruhusa. Lakini dada, wimbo huo wa majaribio ni wa nani?

Bintimwambao
Mashairi ni yangu. Kwa Kiswahili. Niliandika usiku mmoja baada ya kumzika bibi kwa simu, maana nauli ya kurudi sikuwa nayo. Melodi ni ya mume wangu, alikuwa akiipiga jikoni akisubiri kahawa, bendi haijawahi kuipeleka jukwaani. Mimi ndiye niliyeipa maneno, bila mimi ungebaki mlio wa jikoni.

Nieleweni. Kwenye bendi naimba Kihispania na Kiromania, basi. Nimeomba wimbo mmoja tu wa Kiswahili kwenye onyesho, jibu ni lile lile, wateja hawataelewa. Kana kwamba Kihispania wanakielewa! Elena Gheorghe mama yake ni mwimbaji wa nyimbo za asili, kwao ni Waaromania, watu wachache wenye lugha yao. Alipokuwa peke yake alitoa albamu nzima kwa lugha hiyo. Angeifanya ndani ya Mandinga? Nikiisikiliza nalia, na neno hata moja silielewi. Mimi nataka kitu kama hicho, na prodyuza huyu ndiye wa kwanza kuniambia, "Imba kwa lugha yako."

Fundi Redio
Dada, hapo nimekuelewa. Ila sheria haina machozi. Sheria ya hakimiliki ya Romania ni namba 8 ya 1996. Melodi ni kazi ya mtunzi hata kama imepigiwa jikoni. Wimbo wenu una watunzi wawili. UCMR-ADA ndio wanaokusanya malipo ya watunzi huko, kama ilivyokuwa COSOTA kwetu zamani, na wimbo ukiandikishwa kila mtunzi anaonyeshwa na mgao wake. Prodyuza akiutoa bila jina la mumeo, mumeo anaweza kuuzuia. Akiwa na hasira atauzuia siku unatoka.

Waimbaji na wapigaji nao wana chombo chao, CREDIDAM. Jiandikishe, upende usipende kutoka.

Nusu Saa
Naomba nitofautiane na wote. Mnamshangilia Elena Gheorghe bila kumaliza hadithi. Moscow 2009 alimaliza nafasi ya 19, pointi 40. Mandinga wakatafuta mwimbaji mwingine, na 2012 wakiwa na Elena Ionescu wakaenda Baku wakashika ya 12, pointi 71. Bendi aliyoiacha ilimpita kwenye jukwaa lile lile. Usidhani ukitoka watalia. Watatafuta binti mwingine kabla ya Pasaka.

Bintimwambao
Nafasi ya 19 ya Ulaya nzima, ndugu yangu. Mimi naimba mkahawani watu wakitafuna. Na pointi za Baku hazikufuta albamu ya Waaromania.

Mwana wa Kisauni
Tena wimbo wa Moscow ulikuwa na mkono wa Laurențiu Duță, mtu wa 3 Sud Est, lile kundi la Constanța. Yaani aliyetoka bendini alibebwa na mtu wa bendi nyingine. Kule hakuna wa peke yake hasa. Mwimbaji Andreea Bănică alitokea kundi la Blondy, mwenzake Delia alianza na kundi la watu wawili kabla ya kuwa jaji wa televisheni. Bendi kwao ni shule.

Mpembuzi
Samahanini, mimi naona tunanyweshwa chai. Binti wa bendi ya Kilatini, Bucharest, anatoka aimbe peke yake, ana albamu ya lugha ya kwao. Hiyo ni historia ya Elena Gheorghe, kachomekewa Tanga na mume mwenye kodiani. Na kuna kosa. Kasema bendi yao ni ya harusi na kazi za Machi zina advansi. Waromania ni Waorthodoksi, kwaresma yao inaangukia Machi, na kwaresma hawafungishi ndoa kanisani. Harusi za Machi zinatoka wapi?

Kibatari
Chai ya maziwa hiyo. Nilishaanza kuilipia nauli ya kumzika bibi.

ShangaziNjema
Kama ni uongo Mungu anamuona, nimeacha maharage jikoni kwa ajili ya uzi huu.

Bintimwambao
Mpembuzi, rudi juu usome. Sikuandika harusi za Machi. Niliandika kazi za Machi. Tarehe 8 Machi huku ni siku ya wanawake, na hakuna mkahawa wa Bucharest unakopata meza jioni hiyo bila kuwahi. Akina mama wa ofisi moja wanakodi ukumbi mzima, wanavaa, wanataka muziki wa moja kwa moja mpaka usiku wa manane. Kuanzia tarehe mosi watu wanapeana mărțișor, kile kipambo cha uzi mwekundu na mweupe unaosokotwa pamoja, ninacho hapa kwenye koti langu la mwaka jana. Wiki hiyo ndiyo inayotulisha kwaresma nzima, maana harusi hakuna, umesema kweli. Ndiyo sababu naogopa kuondoka kabla yake.

Bibi yangu nimemzika kwa simu kweli. Hilo usilitie kwenye chai.

MkaaziwaCluj
La 8 Machi ni kweli tupu. Mwaka jana nilimtafutia mke wangu meza, nikaishia kununua tulipu na keki. Mtu wa kutunga kwa kusoma mitandaoni angetaja harusi, asingejua hiyo jioni. Mimi namwamini.

Mpembuzi
La bibi nimefuta, pole dada. Ila bado naona mume kwenye hadithi hii amekuja kwa kuchelewa sana.

Mzee wa Rizimu
Amechelewa kwa sababu ndiye anayeogopewa. Binti, huogopi kiangazi wala Machi. Unaogopa kumwambia mtu mmoja anayekaa upande wa pili wa meza.

Hapa nyumbani Isha Mashauzi alitoka Jahazi akasimamisha kundi lake, na mashabiki wa taarabu waliendelea kupanda jukwaani kumtunza kama kawaida. Kutoka kunawezekana. Lakini yeye hakutoka na melodi ya mtu.

Fundi Redio
Na jina la bendi limesajiliwa? OSIM pale Bucharest ndio wanaosajili alama za biashara, usajili unadumu miaka 10 na unahuishwa. Ulizia liko kwa nani. Angalia kundi la Akcent la huko Romania: walikuwa vijana wanne, wakapungua, 2013 wenzake wawili waliobaki wakaondoka, Adrian Sînă akabaki na jina, na mpaka leo akienda Pakistan au India tiketi zinauzwa kwa jina lile. Aliyebaki na jina alibaki na soko. Wewe unatoka bila jina na bila melodi. Una mashairi na sauti.

Bintimwambao
Mrejesho. Nimemwambia.

Sikumpigia hotuba. Nilimvalisha spika za masikioni nikamwekea wimbo. Akasikiliza, akarudisha mwanzo, akasikiliza tena. Kitu cha kwanza alichosema ni kwamba prodyuza ameupandisha sauti mno, kiitikio kinanibana, ushushwe. Baadaye ndipo alipokasirika, na alikasirika sana, tukalala bila kusemezana. Asubuhi akaweka masharti: 8 Machi nipige na bendi, mgao wa utunzi nusu kwa nusu uandikwe, na kwenye kava jina la bendi liwe chini ya jina langu. Kodiani apige yeye, si ile ya kompyuta.

Mawili ya kwanza nimekubali, na kodiani nimemshukuru, ile ya kompyuta ilikuwa inaniuma. Jina la bendi prodyuza amelikataa katakata, anasema akiliona kwenye kava hasaini. Naelekea kumsikiliza prodyuza, maana bila yeye wimbo hautoki.

Nusu Saa
Hautoki kwa nani? Studio za kukodi kwa saa Bucharest zimejaa. Mpiga kodiani unaye, mashairi unayo. Prodyuza anayekataa neno moja kwenye kava leo, kesho atakataa Kiswahili.

ShangaziNjema
Weka jina la mumeo mwanangu, andika hata kwa herufi ndogo.

Mwana wa Kisauni
Mimi nasema usiliweke. Ukiliweka, redio zitautangaza kama wimbo wa bendi, na wewe utabaki yule yule wa mkahawani. Lipeni fidia mahali pengine, mwongezeni mgao kwenye upigaji.

Bintimwambao
Mwana wa Kisauni, hilo la mgao wa upigaji linaandikwaje? Kule CREDIDAM au kwenye mkataba wa prodyuza? Fundi Redio kama upo naomba unijibu leo, kesho tuna mazoezi saa kumi.