Tunataka kupanda miti kisiwa cha Mbudya, mwarobaini na mvinje vitafaa?

kibaraza_mbezi
Wakuu heshima kwenu. Sisi ni kikundi cha marafiki hapa Mbezi Beach, huwa tunachanga kila mwezi na mwaka huu tumekubaliana hela ya sherehe iende kwenye mazingira. Wazo ni tukodi boti pale Kunduchi twende Mbudya tukapande miti, maana ukishatoka kwenye mabanda ukaingia ndani kidogo kisiwa ni kikavu, vichaka vya miiba na mawe makali tu, kiangazi majani yote yanapukutika, yani unaona kabisa panahitaji kijani. Jamaa wa kitalu yuko tayari kutupa miche 200 ya mwarobaini na mvinje kwa bei nzuri, anasema hiyo hata ukiitupa inaota. Udongo na samadi tutabeba wenyewe sababu kule ni mawe. Swali langu tupande masika au vuli? Na kibali kinapatikana wapi?

mwana_matumbawe
Ndugu yangu nia yenu ni njema sana ila naomba msipande, tena nakuomba kwa dhati. Hivyo vichaka unavyoviona vikavu ndo msitu wenyewe wa kisiwa. Yale mawe makali ni matumbawe ya zamani, bahari iliposhuka yakabaki juu, hayashiki maji, mvua ikinyesha inapita moja kwa moja kwenye nyufa. Mmea unaoishi pale umezoea kubana matumizi, unapukutisha majani kiangazi kusudi usife, ukija mvua zimeanza utashangaa ulivyo kijani. Nenda katazame ile mibuyu, mizizi yake imejipenyeza kwenye nyufa za mwamba, hakuna aliyeibebea udongo.

Sasa huyo jamaa wa kitalu anaposema hata ukiitupa inaota, kwa kisiwa hiyo ndo hatari yenyewe. Mwarobaini asili yake ni kule Asia ya Kusini, ndege na popo wanakula tunda wanakwenda kudondosha mbegu popote, na kwenye misitu yetu ya pwani umeshaingia bila kupandwa na mtu. Bara ukikosea una pa kukimbilia, kisiwani pale mimea ya asili ikizidiwa haina sehemu nyingine ya kwenda. Mvinje nao majani yake yale membamba yanadondoka yanatandika zulia chini, kitu kingine kikiota hapo ni kwa shida sana. Halafu pale mchangani kuna ile mimea inayotambaa yenye maua ya zambarau yanayofanana na ya matembele, watu wanaikanyaga tu, kumbe ndo inayoshika mchanga usiondoke na mawimbi.

Na udongo, jamani udongo! Mche ukiwa kwenye kiriba hauendi peke yake. Mna mbegu za magugu, mna mayai ya konokono, mna siafu na sisimizi, na samadi ndo kabisa, imejaa mbegu za kila alichokula ng'ombe. Mkibeba viriba 200 mtakuwa mmehamishia shamba la bara kisiwani kwa siku moja.

Lingine, Mbudya kuna kaa wa minazi, yule mkubwa kuliko kaa wote wanaoishi nchi kavu, anaweza kufika kilo 4. Mchana analala kwenye mashimo ya mawe na chini ya magogo, usiku ndo anatoka kula. Anakua taratibu mno, anaishi miaka mingi kama binadamu, na akishakuwa mkubwa ukimtupa baharini anazama anakufa. Jike anakwenda majini kumwaga mayai tu, watoto wanaelea na mkondo wiki kadhaa, wakirudi nchi kavu wanaanza maisha ndani ya makombe ya konokono. Sasa watu makombe wanabeba kupamba sebuleni, magogo makavu wanachomea samaki, unadhani yule mtoto wa kaa atajificha wapi?

Mpemba_wa_Ilala
Assalam aleikum wote. Namuunga mkono huyo bwana hapo juu na nitatoa mfano wa kwetu. Pemba tuna popo mkubwa anayekula matunda, hapatikani popote duniani isipokuwa Pemba. Alikuwa anapigwa kwa ajili ya nyama na misitu ikikatwa, hadi miaka ya 1990 akawa kwenye orodha ya wanyama walio karibu kabisa kutoweka. Hawakuongezeka kwa kuletewa miti ya kigeni. Wanakijiji kama wa Kidike walikataa popo kuwindwa, wakalinda ile miti mikubwa wanayolala, mgeni akija kutazama analipa na pesa inabaki kijijini. Mwaka 2008 wakashushwa daraja kwenye ile orodha kwa sababu wameongezeka sana. Na popo mwenyewe ndo mpanda miti, anakula tunda huku mbegu anadondosha kule, usiku kucha, bure.

Ukitaka mfano wa kuleta kiumbe kisichokuwa cha mahali, tazama kunguru. Waliletwa Unguja miaka ya 1890 wasafishe taka, leo hapa Dar hujaweka sahani chini keshafika, na mayai na makinda ya ndege wengine ndo chakula chake.

kibaraza_mbezi
Nawashukuru sana, kwa kweli sikuwa nimelifikiria suala la udongo kabisa. Nimeituma hii kwenye grupu letu, wengi wamekubali miche tusiibebe, ila wapo wanaosema basi tupande mikoko. Na hela tumeshachanga tunataka ifanye kazi ya maana, mnatushauri nini?

Nahodha Kunduchi
Mimi napeleka wageni kule. Dada au kaka, kama mna hela njooni mzoe taka. Chupa za plastiki, kamba, vipande vya nyavu, ndala, vinaletwa na maji kutoka bara hasa mvua kubwa zikinyesha mito ikamwaga, vinanasa kwenye mapango ya mawe ambako wageni hawafiki. Njooni maji yakiwa yametoka, vaeni viatu vigumu, yale mawe yanakata. Na mabaki ya chakula msiache hata punje, mabaki ndo yanalisha panya na kunguru. Panya hawakuzaliwa kule, wanakuja na boti kwenye mizigo, ndo maana kabla ya kupakia mimi nakung'uta magunia na maboksi yote. Wenzetu wa Chumbe pale Unguja walifanya kazi kubwa kuwaondoa panya kisiwa kizima mwaka 1997.

mwana_matumbawe
Nahodha umemaliza, hilo la kukung'uta mizigo ningependa kila boti ifanye. Kuhusu mikoko, kila aina ina sehemu yake, mlilana unakaa mbele kabisa kwenye maji, ile aina inayoitwa mkoko hasa inafuata kwenye tope, mkandaa nyuma zaidi, na yote inataka tope na maji yaliyotulia, ukiichomeka kwenye mchanga wa ufukwe wa Mbudya mawimbi yanaondoka nayo. Kama mnataka mikoko fanyeni huku bara kwenye mikondo ya mito, sehemu ilipokatwa, na mbegu mkusanye palepale.

Kibali ni kwa watu wa Hifadhi za Bahari na Maeneo Tengefu, maana Mbudya, Bongoyo, Pangavini na Fungu Yasini ni maeneo tengefu tangu 1975, hata kuokota kombe au kuni hairuhusiwi. Waambieni mnataka kusafisha, muwaulize na wao wanahitaji nini. Mkipanga tarehe iandikeni hapa, mimi nitakuja na glovu.

kibaraza_mbezi
Sawa mkuu, Jumatatu tunakwenda ofisini kwao. Nahodha nakucheki inbox tuongee bei ya boti, tupo kama 25.