Varna ni kuzaliwa au ni tabia? Wanaosema Gita haina matabaka waje hapa

Mleta mada

Wakuu habari zenu. Siku hizi kuna klipu zinazunguka sana za wahubiri wa Kihindu, hoja yao moja tu, kwamba matabaka ya India waliyakoroga Waingereza na makuhani wachache wenye njaa, ila maandiko yenyewe hayana hayo mambo, kwa sababu varna (yale makundi manne ya jamii: brahmin yaani makuhani, kshatriya yaani watawala na wapiganaji, vaishya yaani wafanyabiashara na wakulima, shudra yaani watumishi) ni hulka na kazi ya mtu, jati, yaani jumuiya ya ukoo, ndo ya kuzaliwa. Ushahidi wao mkubwa ni Gita, kitabu kitakatifu ambamo mungu Krishna anaongea na shujaa Arjuna kabla ya vita. Sura ya 4 aya ya 13, Krishna anasema yeye ndiye aliyeumba varna nne kwa mgawanyo wa guna na karma. Guna ni hulka, karma ni matendo, kuzaliwa hakujatajwa, kesi imeisha.

Mi naona kesi ndo kwanza inaanza. Hiyo karma wanaisoma kama tunavyoisoma sisi tuliozoea kukomenti "karma itakupata" kwenye posti ya jamaa aliyemtosa demu wake, yaani umefanya jana inakurudia kesho. Kwenye falsafa yenyewe karma inavuka maisha haya. Chandogya Upanishad (5.10), andiko la kale la Kihindu, haizunguki, inasema waliokuwa na mwenendo mwema wataingia tumbo la brahmin, la kshatriya au la vaishya, na wenye mwenendo mchafu wataingia tumbo la mbwa, la nguruwe au la chandala, yaani wale waliokuwa wanahesabiwa chini kuliko wote. Sasa kama varna inatokana na karma, na karma hiyo hiyo ndo inaamua uzaliwe tumbo gani, hapo kuzaliwa kumetoka lini?

Halafu Gita sura ya kwanza, Arjuna anaogopa vita itazaa varna-sankara, varna kuchanganyikana, na anasema wazi kabisa inapitia kwa wanawake wa ukoo kuharibika. Mtasema ah, huyo ni Arjuna alikuwa na presha. Sawa, nendeni 3.24, Krishna mwenyewe anasema asipotimiza kazi atakuwa chanzo cha sankara, neno lile lile. Kama varna ni tabia tu, hofu yote hii ya kuchanganyika ni ya nini?

Sina ugomvi na dini ya mtu, naongelea maana ya neno. Leteni hoja.

Mwanafunzi wa Pune

Mkuu unachagua aya. Nimekaa Pune kimasomo na mjadala huu huko unawaka kila siku, ila hata wapinzani wa matabaka hawabishi kwamba vitabu vina sauti mbili. Chukua Mahabharata, utenzi mrefu wa vita uliobeba hiyo Gita. Yudhishthira, kaka yake Arjuna, anakutana na mfalme Nahusha aliyelaaniwa akawa chatu, anaulizwa brahmin ni nani, anajibu ni mwenye ukweli, ukarimu, subira na huruma, na anaongeza kwamba shudra mwenye sifa hizo sio shudra na brahmin asiye nazo sio brahmin. Utasemaje hapo?

Na hiyo Chandogya uliyoitaja ina kisa cha Satyakama, dogo anaenda kwa mwalimu Gautama anaulizwa ukoo, anasema mama kaniambia hajui mimi ni wa ukoo gani. Gautama anampokea kwa sababu kasema kweli. Kisha kuna Vishvamitra, kshatriya kabisa, mfalme, akawa brahmin. Mlango ulikuwepo.

Mleta mada

Ya Yudhishthira nakupa, ile aya ni nzito na sina cha kuipinga. Ila Satyakama kamsome tena. Gautama hakusema "ukoo sio kitu", alisema asiye brahmin asingeweza kunena hivyo. Yaani kautumia ukweli wa dogo kukisia damu yake. Na Vishvamitra mlango wake ni tapas, yaani kujinyima na kujitesa kiibada, ya maelfu ya miaka, mlango gani huo jamani, hata pasipoti hazisumbui hivyo.

Mi nikuulize wewe kuhusu Drona, wa Mahabharata hiyo hiyo. Mzaliwa wa brahmin, kazi yake silaha, anafundisha wana wa wafalme vita na mwisho anakuwa jemadari kwenye ile vita kuu ya Kurukshetra. Kama varna ni kazi basi Drona ni kshatriya. Ila mpaka anakufa anaitwa brahmin. Upande wa pili Karna, ana uwezo wote wa shujaa, anaingia uwanjani kushindana na Arjuna anaulizwa baba yako nani, na akijulikana kalelewa na mwendesha magari ya vita anachekwa mbele za watu. Ekalavya ndo usiseme, mtoto wa msituni kajifunza upinde peke yake, Drona akadai kidole gumba kama ada. Hulka yao haikuwasaidia chochote.

Dada wa Mombasa

Mnabishana vizuri lakini mko kwenye vitabu sana. Sisi tumekua na majirani Wahindi, tunajua Lohana wana ukumbi wao, Patel wa Kutch wana jumuiya yao, Oshwal wana yao (na hao Oshwal wengi ni Wajain, wala sio Wahindu), na mtoto akitaka kuoa nje ya jumuiya ndo utasikia kelele. Hakuna anayeuliza guna ya bwana harusi. Ila kuweni na haki pia, Arya Samaj, jumuiya ya mageuzi ya Kihindu, wako Nairobi tangu 1903, na mwanzilishi wao kule India, Dayananda Saraswati, alifundisha varna ni sifa sio kuzaliwa, na aliutoa msimamo huo kwenye Veda, maandiko ya kale kabisa ya Kihindu. Kwa hiyo hii tafsiri sio ya juzi ya watu wa klipu.

Mdau mwingine

Mi naona vita nzima ni ya nani apewe lawama. Februari 2023 Mohan Bhagwat, mkuu wa RSS, shirika kubwa la Wahindu wazalendo India, alisema Mumbai kwamba Mungu hakuweka matabaka, waliyaweka pandit, neno ambalo wengi hulisikia kama makuhani wa brahmin. Ikawa moto, makuhani wakachukia, RSS wakatoka kufafanua kwamba pandit pale ni wasomi tu, hawakulengwa brahmin. Mwaka huo huo Seattle wakapiga marufuku ubaguzi wa matabaka, California bunge likapitisha sheria kama hiyo gavana Newsom akakataa kusaini, na waliopinga walilalamika kwamba neno lenyewe linawachafua Wahindu.

Mwanafunzi wa Pune

Ndo maana nasema kuwa makini mleta mada. Ukishinda huu ubishi wako, anayefurahi ni yule anayetaka iwe ya kuzaliwa, utakuwa umempa hati kwamba maandiko yako upande wake. Wanaosema ni tabia wanajaribu kumtoa mtu kwenye ubaguzi bila kumtoa kwenye dini.

Mleta mada

Huo ndo ubishi wa Gandhi na Ambedkar mwaka 1936. Gandhi alisema varna ni kazi ya kurithi ila hakuna kazi ya juu wala ya chini. Ambedkar, aliyezaliwa Mahar, tabaka la waliohesabiwa "wasioguswa", na mwaka 1927 pale Mahad Manusmriti, kitabu cha kale cha sheria za Kihindu, ikachomwa moto hadharani, alikataa kubembelezana na tafsiri. Alisema watu hawashiki matabaka kwa ubaya wa roho, wanashika kwa sababu wanaamini shastra, yaani maandiko ya sheria za dini, ni takatifu, basi gusa huo utakatifu wenyewe. Mwaka 1956 akahamia Ubuddha pale Nagpur na malaki ya watu nyuma yake. Mi niko naye. Ukimwambia dalit, mtu wa hao walioitwa wasioguswa, "kitabu hakikusema hivyo" halafu akakifungua akakuta kimesema, utamwambia nini?

Na kabla hujanijibu, nifafanulie Gita 9.32, pale Krishna anaposema hata waliozaliwa kwenye papa-yoni, na anawataja wanawake, vaishya na shudra, wakimkimbilia watafika. Wapenzi wa klipu wanaileta kama aya ya usawa. Papa ni dhambi, yoni ni tumbo la uzazi. Hulka imeingilia wapi hapo?

Mwanafunzi wa Pune

Hapo hata wafasiri wa zamani hawakubaliani kama papa-yoni ni hao watatu au ni kundi jingine linalotajwa kabla yao, na Kisanskriti chenyewe kinaruhusu zote mbili. Ila shudra kuwekwa kwenye "hata wao", hiyo siwezi kuitetea. Ngoja nimtafute jamaa yangu anayesoma Sanskriti nirudi na sarufi yake.

Dada wa Mombasa

Na "hata wanawake" je, nayo jamaa yako ana sarufi yake?