Paa wa Sultani Darai: ngano zetu zinatufunza huruma kwa wanyama?

Binti Makunduchi: Ndugu zangu, nauliza. Kisa cha Paa na Sultani Darai, alichokichapisha Edward Steere mwaka 1870 kutokana na masimulizi ya Unguja, mnakijua. Maskini anachakura jaani, anaokota thumni, ananunua paa. Paa anamtafutia binti wa sultani, anaua joka la vichwa saba, anampa bwana wake jumba la joka hilo. Paa akiugua, bwana, ndiye huyo Sultani Darai, anaamuru apikiwe uji wa mtama, basi. Kafa, katupwa kisimani. Bwana anajikuta tena jaani. Hapo tunafunzwa kumpenda mnyama, au kuogopa kupoteza mali?

Babu Chuma: Paa pale ni mtu aliyevikwa ngozi. Mnyama wa kweli hana shukrani, ndiyo maana wazee wakasema fadhila ya punda mashuzi. Na yule punda wa dobi wa ngano nyingine? Kaponea chupuchupu kwa simba, kaitwa tena, karudi! Hana moyo wala masikio.

Mlamu: Hapo kwenye punda umenigusa pabaya, mzee wangu. Mji wetu wa Lamu umejengwa kwa migongo yao: mawe, mchanga, saruji, vyote toka gatini vikipenya vichochoroni. Mvue shogi, ule mfuko wa mizigo wa mgongoni, jioni umtazame mgongo, ngozi imechunika na nzi wametua. Tangu 1987 tuna hospitali yao hapa. Asiye na fadhila ni nani?

Babu Chuma: Methali sikuitunga mimi, kijana. Chunga ulimi.

Mama Zaituni: Hajakutukana, Babu. Mtume (SAW) alisimulia habari za kahaba aliyemtekea mbwa maji kwa kiatu, akasamehewa. Mbwa huyu huyu tunayemrushia mawe!

Wa Tanga: Mama, chuoni tulisomeshwa ni mwanamume, alishuka kisimani mwenyewe.

Mama Zaituni: Zote mbili zimo katika Bukhari, mwanangu. Kasome.

Binti Makunduchi: Jamani, na paa wangu je? Mke wa yule bwana alimwonea huruma, mbona hamumtaji?

Babu Chuma: Huruma haijazi sahani. Mwenye punda naye ana watoto.

Mlamu: Nami ninao, na punda ninaye. Ijumaa habebi kitu, na watoto wangu hawajalala njaa. Wako anapumzika siku gani, Babu?

Babu Chuma: Sina punda.

Mlamu: Basi umejuaje kwamba hana fadhila?