Wakuu, mkono wa taifa la nje kwenye uchaguzi unatambulikaje kabla ya kumtuhumu mtu?

TandikaSokoni:
Wakuu, salaam. Tunaandika mwongozo wa kurasa sita kwa ajili ya waandishi wa redio za jamii na mawakala wa vituo vya kupigia kura hapa Dar. Sura moja inahusu mataifa makubwa kuingilia uchaguzi wa nchi nyingine, na ndiyo imenikwamisha. Karibu kila maandishi ninayoyapata yanaishia kwenye lawama: Urusi hivi, Marekani vile. Mwandishi wa Mbagala mwenye simu moja na bando la siku atafanya nini na lawama? Naomba wanaoijua kazi hii waeleze: mambo haya hufanyikaje, huacha alama gani, na alama hizo zikaguliwe kwa hatua zipi? Na wanaojaribu kuyafichua hukosea wapi?

FundiMitambo_Ubungo:
Mkuu, kwanza futa kwenye mwongozo ile picha ya mdukuzi anayebadilisha idadi ya kura gizani. Uchaguzi wa Marekani wa 2016 umechunguzwa kuliko mwingine wowote, na haukupatikana ushahidi kwamba kura zilibadilishwa. Yaliyofanyika hasa yalikuwa mawili, tena yalifanywa na watu tofauti.

Moja ni wizi wa barua. Tarehe 19 Machi 2016, John Podesta, mwenyekiti wa kampeni ya Hillary Clinton, alitumiwa baruapepe iliyojifanya onyo la Google, ikimtaka abadili nywila. Barua zake zikaanza kumwagwa na WikiLeaks, tovuti ya kuchapisha nyaraka za siri, tarehe 7 Oktoba. Hesabu hapo: zaidi ya miezi sita kati ya kuibiwa na kuchapishwa. Anayeanza kujilinda siku ya uzinduzi wa kampeni amekwisha chelewa. Wapeni wahariri na viongozi wa mawakala ufunguo wa usalama wa kuchomeka (kifaa kidogo kama flashi kinachothibitisha kuwa ni wewe unayeingia), kila mtu funguo mbili, mmoja ukae kabatini. Namba ya siri inayokuja kwa SMS ni bora kuliko kukosa kabisa, lakini laini yako ikifanyiwa swapu (namba ikihamishiwa kadi nyingine), namba hiyo inamwendea mwizi.

La pili ni kampuni ya St. Petersburg, Urusi, iliyoitwa Internet Research Agency, ambayo watu wake walijifanya Wamarekani. Facebook ilikadiria kuwa maudhui yao huenda yaliwafikia watu milioni 126, ilhali matangazo ya kulipia yaligharimu kama dola 100,000 tu. Maana yake, sehemu kubwa ilisambazwa bure na raia wenyewe waliopendezwa nayo. Ukikagua matangazo ya kulipia peke yake utaona kidogo mno.

Sasa ukaguzi. Fungua ukurasa wa Facebook unaoutilia shaka, ingia sehemu ya uwazi wa ukurasa, uandike mambo matatu: tarehe ulipofunguliwa, majina ya zamani, na nchi wanakoishi wasimamizi (hii haionekani kwa kila ukurasa). Jina la zamani ndilo hufichua mengi. Ukurasa wa nafasi za kazi au wa dondoo za mpira unageuka ghafla kuwa "Sauti ya Wananchi" miezi mitatu kabla ya kura, na wafuasi wake wote wamerithiwa. Kisha chora jedwali: akaunti, tarehe ya kufunguliwa, saa ya kuposti, maneno yenyewe. Kwa maoni yangu, chini ya akaunti ishirini zenye maneno yaleyale, na makosa yaleyale ya herufi, usiandike neno "mtandao". Vijana watano waliokubaliana kwenye kundi la WhatsApp wanaweza kuleta sura hiyohiyo.

Kuna mtego mmoja wa hapa kwetu ambao miongozo ya Ulaya haiutaji. Wanafundisha kuangalia saa za kuposti ili kujua ofisi iko wapi. Moscow na St. Petersburg zina saa sawa na Dar! Akaunti inayoamka saa mbili asubuhi na kulala saa nne usiku haikuambii kitu kama iko Urusi au Sinza. Kipimo hicho kinafaa kwa Beijing, ambako ofisi ikifunguliwa saa tatu asubuhi kwetu ni saa kumi usiku. Na kwa Washington, ambako mwezi Oktoba saa tatu ya asubuhi yao ni saa kumi jioni kwetu.

Lugha nayo husema. Anayetafsiri kwa mashine ataandika "vituo vitafunguliwa saa 7 asubuhi", wakati kila mtu hapa anajua ni saa moja. Anayenakili maneno ya Kenya ataandika "kaunti", au "kura za mchujo" pale sisi tunaposema kura za maoni ndani ya chama. Lakini hicho si kipimo cha mwisho, kwa sababu siku hizi hukodishwa wenyeji. Machi 2020 Facebook iliondoa mtandao ulioendeshwa kutoka Ghana na Nigeria kwa niaba ya watu walioko Urusi, na walengwa walikuwa Wamarekani. Waliokuwa wakiandika ni vijana wa Afrika Magharibi, na baadhi yao huenda hawakujua kazi ni ya nani.

Upanga77:
Fundi amesema vizuri, ila mwongozo usimfanye msomaji aamini kuwa mchezo huu una mchezaji mmoja. Mtafiti Dov Levin alihesabu chaguzi ambazo Marekani na Urusi, enzi za Umoja wa Kisovieti zikiwemo, ziliingilia kati ya 1946 na 2000 ili kuubeba upande mmoja. Alipata 117: Marekani 81, Urusi 36. Hesabu yake inachanganya fedha za siri na vitisho vya wazi, mfano kutangaza kwamba misaada itakatwa akishinda fulani. Kwa wastani, aliyebebwa aliongezewa kama asilimia 3 ya kura. Asilimia 3 haimpandishi mtu asiye na watu. Inamaliza kazi pale ambapo wawili wamekaribiana.

Italia, 1948: CIA, shirika la ujasusi la Marekani, iliwapa fedha chama cha Christian Democrats dhidi ya muungano wa wakomunisti na wasoshalisti, huku Wakomunisti nao wakisaidiwa na Moscow. Chile, 1964: uchunguzi wa Seneti ya Marekani yenyewe baadaye ulionyesha kuwa CIA ililipa zaidi ya nusu ya gharama za kampeni ya Eduardo Frei. Nusu ya kampeni ya urais!

Ila mfano ambao ningeupa ukurasa mzima ni Jamhuri ya Afrika ya Kati. Tarehe 15 Desemba 2020, siku kumi na mbili kabla ya kura, Facebook ilitangaza kuondoa mitandao mitatu kwa pamoja. Mmoja iliuhusisha na watu wenye uhusiano na jeshi la Ufaransa, miwili na watu wa Urusi. Kila upande ulitengeneza wenyeji wa bandia, na wenyeji hao wa bandia wakawa wanajibizana na kutuhumiana wao kwa wao. Mtu wa Bangui, mji mkuu wa huko, aliyedhani anasoma mabishano ya majirani zake alikuwa anasoma ofisi mbili za mbali zikigombana.

Mtenganishe pia taifa na kampuni. Cambridge Analytica ya London ilifanya kazi upande wa Jubilee ya Uhuru Kenyatta nchini Kenya mwaka 2013 na 2017, na 2018 mmoja wa viongozi wake alinaswa na kamera ya siri ya Channel 4 akijigamba kwa hilo. Hiyo ni kampuni iliyoajiriwa na wanasiasa wa nchi yenyewe. Ukiiandika kama "Uingereza iliingilia", umekosea, na kosa hilo moja litatumiwa kuitupa ripoti nzima.

DadaHesabu:
Naongeza upande wa fedha, kwa sababu ndipo ushahidi unaosimama mahakamani hupatikana. Akaunti za bandia hufutwa kwa dakika, muamala hubaki kwenye kumbukumbu.

Moldova, Oktoba 2024, ilikuwa na uchaguzi wa rais pamoja na kura ya kuamua kuhusu Umoja wa Ulaya. Polisi walisema watu zaidi ya 130,000 walipokea fedha kutoka mtandao wa tajiri aliyekimbilia Moscow, Ilan Shor, na kwamba mwezi Septemba pekee zilipita dola milioni 15 kupitia benki ya Urusi, Promsvyazbank. "Ndiyo" ilishinda kwa asilimia 50.35. Angalia njia yenyewe: kiasi kidogo kwa kila mtu, wapokeaji wengi, maelekezo kwa Telegram. Mwandishi hawezi kuona akaunti za benki, lakini anaweza kuwauliza wapokeaji watatu au wanne wasiofahamiana maswali yaleyale: ulisajiliwa na nani, ulitumiwa lini, kiasi gani, ulitakiwa kufanya nini, ulipiga picha ya nini kama uthibitisho? Majibu yakilingana kwa tarehe na kiasi, una habari. Yakilingana kwa uvumi tu, huna.

Madagascar 2018 inafundisha kingine. Warusi waliofika kule walitoa fedha kwa wagombea kadhaa kwa pamoja. Kwa hiyo swali "nani anabebwa?" linaweza kukupoteza. Mfadhili anaweza kuwa amenunua tikiti nyingi, akasubiri kuona ipi itatoka.

Kwa hapa kwetu, gharama za kampeni na michango zinasimamiwa na Msajili wa Vyama vya Siasa chini ya Sheria ya Gharama za Uchaguzi ya 2010. Hongo ni TAKUKURU, na miamala yenye shaka ni Kitengo cha Kudhibiti Fedha Haramu. Malalamiko yaandikwe, yapelekwe na nakala, na nakala hiyo igongwe muhuri wa kupokelewa. Lalamiko la mdomo halina tarehe.

TandikaSokoni:
Asanteni sana, hii ndiyo niliyokuwa naitafuta. Mawili yamebaki. Sauti au video inayoingia WhatsApp usiku wa kuamkia kura, mwandishi aifanyeje? Na Romania, ambako uchaguzi wa urais ulifutwa, tuiweke kama mfano mzuri?

FundiMitambo_Ubungo:
Video ya usiku: usiipeleke popote, hata kwa kuikanusha, mpaka uwe na faili la asili. WhatsApp hubana picha na kuondoa taarifa zake za ndani, kwa hiyo mwombe aliyekutumia ailete kama nyaraka, na umuulize naye aliipata kwa nani. Kisha tazama mishale ya kusambazwa iliyo juu ya ujumbe. Mishale miwili maana yake ujumbe umepita mikono mitano au zaidi, na tangu Aprili 2020 ujumbe wa namna hiyo hupelekwa kwenye soga moja tu kwa wakati. Ukiikuta video ileile kwenye makundi thelathini bila mshale hata mmoja, kuna watu wanaipakia upya kundi kwa kundi. Hiyo ni kazi ya mikono, na mara nyingi mikono hiyo inalipwa. Hifadhi kiungo, picha ya skrini yenye saa, na faili lenyewe pamoja na alama yake ya SHA-256 (mfuatano wa herufi na tarakimu unaobadilika faili likiguswa), ili baadaye asije mtu akasema umelichezea.

Someni pia Ufaransa 2017. Nyaraka za kampeni ya Macron zilimwagwa Ijumaa jioni, 5 Mei, saa chache kabla ya kampeni kufungwa kisheria, na kura ilikuwa Jumapili. Inaonekana kipindi cha ukimya kilichaguliwa makusudi ili mhusika asiweze kujibu. Tume ya kule iliwataka wanahabari wasizichapishe, ikionya kuwa huenda zimechanganywa na za uongo. Chumba cha habari kiamue mapema, kwa maandishi, nani mwenye kauli ya mwisho saa hizo.

Upanga77:
Romania iwekeni, lakini si kama ushindi. Mgombea urais Călin Georgescu aliongoza duru ya kwanza tarehe 24 Novemba 2024 kwa takriban asilimia 23, akiwa ametangaza kuwa hakutumia hata senti kwenye kampeni. Mahakama ya Katiba ikafuta uchaguzi tarehe 6 Desemba, baada ya nyaraka za usalama kueleza maelfu ya akaunti za TikTok zilizoamshwa kwa pamoja. Wiki chache baadaye waandishi wa kule waliripoti kuwa mamlaka ya kodi imegundua kampeni mojawapo ya TikTok iliyomnufaisha ililipiwa na chama cha hukohuko, tena hasimu wake. Binafsi naona mahakama iliwadai wananchi imani kubwa kuliko ushahidi uliowekwa hadharani.

DadaHesabu:
Hapo natofautiana nawe kidogo, kaka. Mgombea aliyetangaza gharama sifuri wakati akaunti moja ya TikTok ililipa watu dola 381,000 kumsambaza, kwa mujibu wa nyaraka hizohizo, ameshavunja uwazi hata kabla hujajua fedha zilitoka taifa gani. Ningefuta kwa sababu hiyo na kuliacha neno "Urusi" lisubiri uchunguzi.

Upanga77:
Nakubali kwamba gharama sifuri ni hoja yenye nguvu kuliko TikTok. TandikaSokoni, basi andika hivi kwenye mwongozo: mwandishi ataje kitendo kwanza, kisha aliyekifanya kwa mkono, kisha aliyemlipa, na taifa liwe la mwisho, na kila hatua iwe na ushahidi wake. Ukiishia hatua ya pili, chapisha hatua mbili.

Na mawakala wasisahau karatasi. Kenya 2017, matokeo ya urais yalitangazwa kabla fomu zote za 34A (za matokeo ya kila kituo) hazijapokelewa, na mahakama ilipoagiza seva za tume zifunguliwe, tume haikutimiza agizo lote. Picha ya fomu ya matokeo ipigwe kituoni kabla watu hawajatawanyika: kona zote nne zionekane, saini zote, jina la kituo, bila kivuli cha simu juu ya tarakimu. Ipigwe mara mbili. Ile iliyobandikwa nje ya kituo nayo ipigwe, kwa sababu zikitofautiana, hapo ndipo pa kuanzia.