Macho makavu baada ya LASIK: machozi bandia yapi kati ya haya manne?

Chamwino77

Wakuu, habari za kazi. Nilifanyiwa LASIK, ile operesheni ya leza ya kurekebisha kuona, macho yote mawili na sasa naingia mwezi wa pili. Kuona naona, miwani nimeshaiweka kabatini. Kinachonisumbua ni ukavu. Nikiamka, kope zinakuwa kama zimegandia jicho. Ikifika saa tisa alasiri mbele ya kompyuta maandishi yanafifia. Nikipepesa yanarudi, baada ya muda yanafifia tena. Nipo Dodoma, upepo na vumbi la huku mnavijua, na kiyoyozi cha ofisini kimeelekea usoni kwangu.

Daktari amenipima, amesema jicho limepona vizuri, niendelee na machozi bandia. Aina hakutaja. Famasi nimekuta chupa ya haipromelozi 0.3%, ya bei ya chini kuliko zote. Systane Ultra ya chupa. Na Refresh Plus, ile inayokuja kwenye vichupa vidogo vya plastiki vya kukata kichwa, ambayo bei yake imenishtua. Ya nne ni Hylo-Comod: dada yangu yuko Ujerumani na anaweza kumpa mtu anayekuja mwezi ujao. Kwa mlioyatumia au mnaoyauza, tofauti ni bei na jina tu, au kuna la maana ndani ya chupa?

Mfamasia_Kirumba

Pole mkuu. La maana lipo, ila halijaandikwa mbele ya boksi. Liko ubavuni, kwa maandishi madogo.

Kwanza kwa nini jicho limekauka, maana wengi hudhani leza imeunguza tezi za machozi. Tezi ziko salama. Katika LASIK daktari hukata utando mwembamba juu ya konea, yaani kioo cha mbele cha jicho, anaufunua kama jalada la daftari, leza inachonga chini yake, kisha anaurudisha. Mkato huo unapita kwenye neva ndogondogo za konea, na neva hizo ndizo zinazopeleka habari kwenye ubongo kwamba jicho linakauka. Habari isipofika, machozi hutoka kidogo, na hata kupepesa kunapungua bila wewe kujua. Neva huota tena polepole. Kwa watu wengi ukavu unakuwa umepungua sana kati ya mwezi wa 6 na wa 12. Kwa hiyo matone haya hayaharakishi neva. Kazi yake ni kulivusha jicho salama hadi zitakaporudi.

Sasa chupa zako. Ndani mna vitu viwili vya kutazama: kilainishi na kihifadhi. Kwa vilainishi, haipromelozi na ile CMC iliyo kwenye Refresh zote zimetokana na selulosi ya mimea. Systane Ultra ina polietilini glikoli na propilini glikoli, na huongezeka uzito kidogo ikishagusa jicho. Hylo-Comod ni sodiamu hayaluroneti 0.1%, kitu ambacho mwili wenyewe hukitengeneza na kinachoshika maji vizuri. Ukiniuliza ni kilainishi gani bora, nitakujibu kwamba matangazo yanakuza tofauti kuliko ilivyo. Wagonjwa wawili wenye ukavu uleule, mmoja atasifia hiki na mwenzake atasifia kile.

Kihifadhi ndicho kinachonifanya niandike kirefu. Chupa nyingi za bei nafuu zina benzalkoni kloridi. Kwenye lebo mara nyingi utaona kifupi BAK au BAC. Inazuia vijidudu visizaliane ndani ya chupa, na hilo ni jambo jema. Lakini hiyohiyo inaumiza chembe za juu za konea na kuvuruga lile tabaka la mafuta linalozuia machozi yasikauke upesi. Jicho zima likipata tone mara mbili kwa siku halidhuriki. Wewe una konea ambayo neva zake zimekatwa, na nadhani unadondosha zaidi ya mara nne. Hapo dawa yenyewe inaanza kuwa sehemu ya ukavu. Systane Ultra ya chupa ina kihifadhi kingine, Polyquad, ambacho ni laini zaidi kwa konea. Refresh Plus na Hylo-Comod hazina kihifadhi kabisa.

Na bei uipige hesabu kwa siku, usiipige kwa boksi. Boksi la vichupa 30, ukifungua kimoja kila mara na ukadondosha mara sita kwa siku, linakwisha siku ya tano. Chupa ya Hylo-Comod ya ml 10 hutoa takriban matone 300. Macho mawili mara sita ni matone 12 kwa siku, unafika siku 25. Pampu yake hairudishi hewa ndani, ndiyo maana inadumu miezi 6 tangu kufunguliwa. Kama dada yupo tayari, mwambie anunue.

Mwl_Laela

Mfamasia, heshima yako, ila mimi naitetea kidogo haipromelozi. Nilifanyiwa PRK, leza isiyokata utando, si LASIK, kwa sababu nacheza ngumi za ridhaa na daktari hakutaka niwe na utando uliokatwa unaoweza kusogea nikipigwa usoni. Miezi ya mwanzo nilipewa vichupa visivyo na kihifadhi. Baada ya hapo ukavu ukabaki wa jioni tu, nikahamia chupa ya kawaida, tone asubuhi na tone usiku, na daktari alipopima konea alikuta iko safi. Kwa mshahara wa mwalimu huku Rukwa, kumwambia mtu anunue vichupa mwaka mzima ni kumwambia asitumie kabisa. Na asiyetumia kabisa anaumia zaidi kuliko anayetumia yenye BAK mara mbili.

Mfamasia_Kirumba

Mwalimu, hapo tuko pamoja. Swali ni anadondosha mara ngapi. Mara nne kwa siku au pungufu, ya kawaida inavumilika. Ikizidi, atafute isiyo na kihifadhi. Miezi hii ya kwanza Chamwino yuko upande wa kuzidi.

Wairimu_Nakuru

Chamwino, pole ndugu yangu. Naongeza jambo ambalo halimo kwenye orodha yako lakini utauziwa siku moja jicho likiwa jekundu. Kaka yangu alifanyiwa leza, macho yakawa makavu na mekundu, akaenda kwa duka la dawa karibu na stendi. Akapewa matone yenye deksamethasoni na neomaisini. Siku ya pili macho meupe, hakuna kuwasha. Akaona amepata dawa, akawa anarudi kununua bila cheti. Alipoenda kwa kliniki ya macho kwa sababu nyingine kabisa, walikuta presha ya jicho imepanda.

Deksamethasoni ni steroidi. Hutuliza uvimbe haraka, na kuna wakati daktari huiandika kwa muda mfupi, hata baada ya leza. Ikitumika kiholela inaweza kupandisha presha ya jicho, kuharibu neva kuu ya kuona, na kuleta mtoto wa jicho. Kwa mtu wa LASIK kuna hatari zaidi: konea yake imepunguzwa unene, na kipimo cha kawaida cha presha husoma chini ya hali halisi. Namba inaweza kuonekana sawa na jicho linaumia. Popote utakapopimwa presha, taja kwamba ulifanyiwa leza.

Pia yale matone ya kung'arisha macho, yenye nafazolini au tetrahaidrozolini, hayalainishi chochote. Yanabana mishipa ya damu, jicho linaonekana jeupe, halafu wekundu unarudi mkali kuliko mwanzo. Na kloramfenikoli ni antibayotiki. Haina kazi kwa ukavu.

UmmNaila_Maskati

Assalaam alaykum. Kaka Chamwino, huku Maskati tunaishi ndani ya kiyoyozi karibu mwaka mzima, kwa hivyo haya mambo nimeyazoea kabla ya operesheni na baada yake. La kwanza, geuza kiyoyozi au hamisha meza. Matone ya bei yoyote yatashindwa na upepo unaopuliza jichoni kwa muda wa saa nane.

Mimi nimetumia Systane Ultra na hayaluroneti isiyo na kihifadhi. Systane ilinipa nafuu ya haraka, hayaluroneti ilikaa muda mrefu zaidi. Hivyo ndivyo jicho langu lilivyo, lako huenda likasema vingine.

Ila neno "isiyo na kihifadhi" lisikufumbe macho. Mwaka 2023 huko Marekani matone ya EzriCare, machozi bandia yaliyotengenezwa India, yaliondolewa sokoni baada ya kuhusishwa na maambukizi ya bakteria sugu ya Pseudomonas. Watu 81 katika majimbo 18 waliugua, 14 walipoteza uwezo wa kuona na 4 wakafariki. Yalikuwa hayana kihifadhi na yalikuwa kwenye chupa ya kutumia mara nyingi. Kwa hivyo dawa isiyo na kihifadhi iwe ya vichupa vya kutupa au ya chupa yenye pampu maalumu ya kiwanda kinachojulikana. Chupa ya kawaida isiyo na kihifadhi ambayo huifahamu, iache dukani. Nanyi huko Tanzania mnayo TMDA, mamlaka ya dawa, angalia kama imesajiliwa.

Na kwa wanaofunga, nalisema kwa sababu nimewaona akina mama wakiacha matone Ramadhani nzima. Katika madhehebu ya Shafi tone la jicho halifunguzi. Baraza la Fiqhi la Jeddah nalo lilipitisha hivyo mwaka 1997, mradi mtu asimeze kilichofika kooni. Ukitia tone, funga jicho na ubonyeze kona ya ndani karibu na pua dakika moja au mbili. Tone halitashuka kooni, na dawa itakaa jichoni panapohitajika.

Chamwino77

Nawashukuru sana. Mfamasia, ni kweli natumia mara saba au nane. Basi nanunua boksi moja la Refresh Plus la kuvukia, na dada nimeshamwandikia kuhusu Hylo-Comod, alete mbili. Nimebaki na maswali mawili. Usiku niweke nini? Na mafua ya vumbi hunishika, huwa nameza Piriton, kuna shida?

Mfamasia_Kirumba

Usiku weka jeli, ile CMC ya 1% au hayaluroneti nzito, ukiwa umeshapanda kitandani, kwa sababu itakufifishia kuona. Ukiamka bado kope zimeganda, muulize daktari kuhusu marhamu ya petrolatamu (mafuta mazito ya mgando) iliyosafishwa kwa ajili ya macho. Wiki za mwanzo huwa hatuishauri kwa mtu wa LASIK bila daktari kukubali. Kwa mwezi wa pili pengine atakubali. Ukitumia vyote viwili, dawa nyepesi itangulie, subiri dakika 5 hadi 10, nzito ifuate.

Tone moja linatosha kila jicho. Jicho haliwezi kushika zaidi, la pili linakuishia shavuni. Ncha ya chupa isiguse kope.

Piriton inakausha macho kama inavyokausha pua na mdomo. Kama mafua yanavumilika, osha pua kwa maji ya chumvi ya famasi, na kama ni lazima umeze kitu, mwambie daktari wako wa macho kwanza.

Ukiona maumivu makali, usaha, mwanga unachoma, au kuona kumeshuka na hakurudi ukipepesa, huo si ukavu tena. Nenda siku hiyohiyo, usisubiri mzigo wa Ujerumani. Na ukifika mwezi wa sita bado unahitaji mara nane kwa siku, omba wapime tezi za mafuta za kope, na uulize kuhusu siklosporini ya matone (dawa ya kutuliza uvimbe) au vizibo vya mirija ya machozi. Hizo ni za daktari bingwa kuamua, famasi hatukupi.