Naomba ushauri: likeni ya ardhini, upande wa Menengai

Wanajamvi, habari zenu. Kwenye shamba letu la familia hapa Nakuru, upande wa Menengai, kuna sehemu imefunikwa na likeni inayoota kwenye udongo wenyewe, si mtini wala jiweni. Ni magamba ya kijivu yenye kingo zilizojikunja; yakipata mvua hugeuka kijani upesi sana, yanapendeza mno. Likeni ni kuvu na mwani vinavyoishi pamoja, na hukua polepole; kwato za mbuzi zikiiponda, kurudi ni miaka mingi. Tena hushika udongo usichukuliwe na maji. Sasa kaka zangu wanataka kulima hapo. Niwashawishi vipi? Na nikipeleka kipande Makumbusho ya Taifa, Nairobi, kitambuliwe, nikibandue pamoja na udongo wake?